Lotte Reiniger: Bibi wa mkasi na vivuli

Mpenzi wa sinema akiulizwa ni nani aliyetangulia kutengeneza filamu ndefu ya vikaragosi, yaani filamu isiyokuwa na mchezaji hata mmoja aliye hai, aghalabu humtaja Walt Disney wa Marekani na filamu yake ya Snow White iliyotoka mwaka 1937. Jawabu hilo limezoeleka mno hata limekuwa kama jambo lisilotiwa shaka. Walakini si jawabu la haki. Miaka kumi na mmoja kabla ya hapo, mjini Berlin, bibi mmoja wa Kijerumani ambaye hakuwa ametimiza hata miaka 27 alikwisha kuonyesha filamu yake ya zaidi ya saa nzima, na ndani yake hamkuwa na sauti ya mtu wala uso wa mtu, ila vivuli tu vilivyokatwa kwa mkasi.

Jina lake ni Lotte Reiniger. Na lililo kubwa zaidi kwetu sisi watu wa pwani ni kwamba hadithi aliyoikata kwa mkasi wake haikutoka Ujerumani. Ilitoka katika Alfu Lela Ulela, hekaya zile zile ambazo watoto wa Lamu, Mombasa na Unguja wamelala nazo usingizi kwa vizazi kadha wa kadha.

Kwa kumpa kila mtu haki yake, yafaa tuseme kwamba huko Argentina bwana mmoja aitwaye Quirino Cristiani alitengeneza filamu ndefu ya namna hiyo mwaka 1917. Lakini filamu yake imepotea, haiko tena duniani. Kwa hiyo katika zile zilizosalimika, kongwe kuliko zote ni ya Bi Reiniger.

MTOTO NA MKASI

Lotte alizaliwa tarehe 2 Juni, 1899, katika mtaa wa Charlottenburg mjini Berlin. Baba yake alikuwa mtu wa kazi za benki, na nyumba yao ilikuwa nyumba ya watu wa wastani, si matajiri wala mafukara. Tangu utotoni mkono wake uliuzoea mkasi. Alikata maumbo ya watu na wanyama katika karatasi nyeusi pasina kuyachora kwanza, mkasi ukitembea kama kalamu ya mwandishi hodari. Akajitengenezea jumba dogo la michezo ya vivuli, akawachezea wazazi wake na wenziwe wa shuleni.

Mwaka 1915 alikwenda kumsikiliza Paul Wegener, mchezaji mashuhuri wa sinema wa zama hizo, akieleza maajabu yanayoweza kufanywa na kamera ambayo jicho la kawaida haliwezi kuyaona. Maneno yale yalimwingia msichana yule moyoni. Akawaomba wazazi wake wamtie katika chuo cha michezo cha Max Reinhardt, mahali alipokuwa Wegener mwenyewe. Huko hakupata kuwa mchezaji mkubwa, bali alikaa pembeni akiwakata wachezaji maarufu katika karatasi, kila mmoja kwa mkao wake na mwendo wake. Wegener alipoviona vivuli vile akatambua kwamba hiki si kipaji cha kuachwa kipotee. Akampa kazi ya kupamba maandishi ya filamu zake, kwani siku hizo filamu zilikuwa bubu na mazungumzo yaliandikwa.

Mwaka 1918 Wegener alikuwa akitengeneza filamu ya yule mpiga zumari aliyewatoa panya wote mjini Hameln. Wanyama halisi waliopelekwa mbele ya kamera hawakusikia amri ya mtu. Ndipo wakatengenezwa panya wa mti, na Bi Lotte akawa miongoni mwa waliowasogeza kidogo kidogo, picha baada ya picha, mpaka katika sinema wakaonekana wanakimbia. Kazi hiyo ndiyo iliyomfungulia mlango. Alijulishwa kwa wataalamu wa chuo cha utafiti wa utamaduni mjini Berlin, na mwaka 1919 akatoa filamu yake ya kwanza ya vivuli, fupi sana, juu ya wapendanao wawili. Katika chuo hicho hicho alikutana na Carl Koch, mtu wa elimu na fundi wa kamera, wakaoana mwaka 1921. Tangu siku hiyo hadi kifo cha Koch wawili hao walifanya kazi pamoja: mke akikata na kusogeza, mume akiwa juu ya kamera.

PESA ZILIZOKUWA KARATASI

Sasa tuje katika mwaka 1923, ambao Mjerumani hausahau. Pesa ya nchi yao ilianguka hata mtu akaenda sokoni na kapu la noti akarudi na mkate mmoja. Mwezi wa Novemba mwaka huo dola moja tu ya Marekani ilibadilishwa kwa marki zaidi ya trilioni 4. Mwenye akili aligeuza pesa zake zikawa kitu, chochote kile, kabla hazijawa takataka mkononi.

Tajiri mmoja mwenye benki, jina lake Louis Hagen, alinunua mikanda mitupu ya filamu kwa wingi. Haikumletea faida aliyoitazamia. Akamwendea Bi Lotte, akamuuliza kama angeweza kutengeneza filamu ndefu ya vivuli kwa mikanda ile. Neno hili liliwashitua watu wa sinema. Kwa desturi ya wakati ule filamu ya vikaragosi ilikuwa ya dakika kumi hivi, ya kuwachekesha watu kabla ya filamu yenyewe. Nani angekaa saa nzima akitazama karatasi? Makampuni makubwa hayakutaka hata kusikia. Lakini Hagen hakuwa mtu wa sinema, na huenda ndiyo sababu hakuogopa. Akawapa mahali juu ya gereji karibu na nyumba yake huko Potsdam, nje kidogo ya Berlin. Humo ndimo mlimofanyika kazi kwa miaka mitatu, tangu 1923 hadi 1926.

Watenda kazi walikuwa wachache, wanaohesabika kwa vidole. Palikuwa na mumewe Koch, palikuwa na Walter Ruttmann aliyetengeneza moshi, moto na maajabu ya uchawi, na palikuwa na Berthold Bartosch aliyeunda mawimbi ya bahari. Husimuliwa kwamba Ruttmann, mtu wa fikra za kisasa, alimuuliza Bi Lotte hekaya hizi zina uhusiano gani na dhiki za mwaka 1923. Bibi akamjibu kwamba hazina uhusiano wowote, ila yeye yu hai wakati huo na hiyo ndiyo kazi anayoitaka.

JINSI KAZI ILIVYOFANYWA

Msomaji atapenda kujua vivuli hivyo vilitembeaje. Kila kikaragosi kilikatwa vipande vipande kutoka karatasi ngumu nyeusi na bati jembamba la risasi: kichwa mbali, shingo mbali, mkono, kiganja, paja na mguu. Vipande vikaunganishwa kwa waya mwembamba penye viungo, kikawa kiwiliwili kinachoweza kukunjika kama mwili wa binadamu. Kikaragosi kililazwa juu ya meza ya kioo, taa ikiwaka chini yake, na kamera ikining'inia juu ikitazama chini. Bibi akasogeza mkono wa kikaragosi kiasi cha unywele, Koch akapiga picha moja. Akasogeza tena, ikapigwa nyingine. Sekunde moja ya filamu ilihitaji picha 24. Dakika moja, picha 1,440. Filamu nzima ni ya dakika 65 hivi. Msomaji na apige hesabu mwenyewe.

Anayeijua kazi ya kofia ya vito, jinsi mshonaji anavyoinama miezi na miezi juu ya tundu ndogo ndogo kabla kofia haijavaliwa siku ya Idi, ataelewa subira hiyo ni ya namna gani. Kosa la kidole kimoja huonekana.

Tena walizua jambo ambalo baadaye lilisifiwa kama uvumbuzi wa Marekani. Walipanga vioo kadha, kimoja juu ya kingine, kila kioo na pazia lake: mbele miti, katikati mpanda farasi, nyuma milima na mawingu. Kwa njia hiyo picha ikapata kina, mtazamaji akahisi anatazama mbali. Disney alianza kutumia mtambo wake wa namna hiyo katika miaka ya 1930.

Na bibi huyu hakuchezesha vikaragosi kwa kubahatisha. Alikuwa akienda katika bustani ya wanyama kutazama jinsi kila mnyama anavyotembea, kisha akirudi hujaribu mwendo ule kwa viungo vyake mwenyewe, mpaka aujue. Ndiyo maana vivuli vyake, ingawa havina macho wala midomo, huonekana vinaona haya, vinaogopa na vinapenda.

MWANA WA MFALME AHMED

Filamu yenyewe aliiita Visa vya Mwana wa Mfalme Ahmed. Mchawi anamletea Khalifa farasi arukaye angani, na malipo anayoyataka ni binti wa Khalifa, Dinarzade. Kijana Ahmed anampanda farasi asiyejua kumshusha, akachukuliwa mbali hadi visiwa vya Wakwak. Huko anampenda Pari Banu, malkia mwenye vazi la manyoya. Mchawi anamwiba bibi huyo, anauzwa Uchina, na mwishoni anatokea Aladini na taa yake, na ajuza wa mlima wa moto anayepigana na mchawi, kila mmoja akijigeuza mnyama baada ya mnyama.

Filamu ilionyeshwa mara ya kwanza tarehe 2 Mei, 1926, katika jumba la michezo la Volksbühne mjini Berlin, ikifuatana na muziki uliotungwa na Wolfgang Zeller. Wenye majumba ya sinema walikuwa bado wanasitasita. Ilikwenda Paris mwezi Julai, ambako mtengenezaji mkubwa wa filamu wa Kifaransa, Jean Renoir, aliipokea kwa mikono miwili na akawa rafiki wa mke na mume hao kwa maisha. Ndipo Berlin nayo ikafungua milango yake.

Wakwak si jina geni katika historia yetu. Al-Masudi, msafiri aliyefika katika bahari ya Zenji mwanzoni mwa karne ya 10, aliitaja nchi ya Wakwak pamoja na Sofala, mwisho wa safari za majahazi ya Oman na Siraf. Kwa hiyo farasi wa Ahmed, katika ramani ya mabaharia wa kale, alikuwa akirukia upande wetu.

Lakini kusifu si kufumba macho. Yule mchawi mbaya, katika filamu hii, jina lake ni Mchawi wa Kiafrika. Bi Lotte hakulizua jina hilo. Alilikuta katika vitabu vya Ulaya. Mfaransa Antoine Galland ndiye aliyempa mchawi wa Aladini sifa hiyo katika karne ya 18, na kwa Kiarabu mchawi huyo ni mtu wa Maghribi. Hata hivyo Mwafrika anayeitazama filamu hii hana budi kuhisi mwiba. Mtu anaweza kuwa na mkono wa ajabu na moyo usiokuwa na chuki, na bado akarithi uovu uliomo katika kitabu alichopewa.

Lipo na lingine. Hadithi ya Aladini, ya farasi arukaye, na ya Ahmed na Pari Banu, zote tatu Galland hakuzikuta katika nakala za kale za Kiarabu. Alisimuliwa kwa mdomo mjini Paris mwaka 1709 na kijana wa Halab, Shamu, aitwaye Hanna Diyab. Galland alipochapisha vitabu vyake hakulitia humo jina la msimulizi huyo. Basi filamu hii imejengwa juu ya pumzi za mtu aliyesahauliwa, na aliyeitengeneza naye akaja kusahauliwa, sifa akapewa mwingine.

MIAKA YA KUTANGATANGA

Baada ya Ahmed, Bi Lotte alitoa mwaka 1928 filamu ya Daktari Dolittle na wanyama wake. Kisha akajaribu filamu ya wachezaji walio hai juu ya watu wenye jumba la vivuli, na Renoir mwenyewe akacheza ndani yake. Lakini bahati haikuwa yake. Ilipigwa ikiwa bubu, na wakati huo huo sinema ikaanza kusema. Wakatia sauti baadaye, haikufaa, ikaanguka. Kwa muda mrefu alitamani pia kufanya filamu ndefu ya mchezo wa muziki wa Ravel, akakwama katika kutafuta ruhusa za wenye haki. Ravel alipofariki mwaka 1937 mambo yakazidi kutatanika, akaiacha. Ndiyo dhiki ya fundi asiye na kampuni kubwa nyuma yake: hakuna wa kumwamrisha, na hakuna wa kumkinga.

Mwaka 1933 Hitler alishika serikali. Bi Lotte na mumewe walikuwa na fikra za upande wa kushoto, na rafiki zao wengi walikuwa Mayahudi. Wakaamua kuihama nchi yao. Lakini kuhama ni jambo moja na kupokewa ni jingine. Hakuna nchi iliyowapa ruhusa ya kukaa daima. Ruhusa ya Uingereza ikiisha huenda Ufaransa, ya Ufaransa ikiisha huenda Italia, kila mahali na mkasi wake mfukoni, kwani chombo chake cha kazi hakikuhitaji gari wala kuli. Alifika hata Ugiriki kutazama michezo ya vivuli ya Karaghiozis, ambaye asili yake ni Karagöz wa Waturuki. Msomaji atausikia mwangwi wa jina hilo katika neno letu la kikaragosi. Sanaa hiyo ina mizizi mirefu katika nchi za Kiislamu: mjini Cairo, zaidi ya miaka 700 iliyopita, Ibn Daniyal, tabibu wa macho na mshairi, alitunga michezo ya vivuli kwa Kiarabu.

Katika filamu ya Renoir ya mwaka 1938 juu ya mapinduzi ya Ufaransa, kuna kipande cha mchezo wa vivuli. Hiyo ni kazi ya Bi Lotte. Vita vilipozuka wakajikuta Roma, na wakakaa huko hadi 1944. Halafu mama yake akaugua mjini Berlin. Binti akarudi katika mji ule alioukimbia, mabomu yakianguka, akamuuguze mzazi wake. Akafanya kazi ya hadithi ya bata wa dhahabu chini ya serikali asiyoipenda. Wapo watakaomlaumu kwa kurudi. Mwenye mama mgonjwa hatafanya haraka ya kulaumu.

Mwaka 1945, Berlin ilipoanguka, mkanda wa asili wa filamu ya Ahmed uliangamia. Kazi ya miaka mitatu ikabaki katika nakala chache zilizokuwa nchi za nje.

MWANA ALIPA DENI LA BABA

Mwaka 1949 mke na mume walihamia London. Huko ukarudi ukoo ule ule wa Hagen. Mwana wa yule mwenye benki, ambaye pia aliitwa Louis Hagen, alikuwa mtoto wa miaka saba filamu ya Ahmed ilipoanzwa juu ya gereji ya baba yake. Akiwa kijana alitiwa katika kambi ya mateso mwaka 1934 kwa sababu ya mzaha aliouandika juu ya watu wa chama cha Hitler. Alinusurika, akakimbilia Uingereza, akapigana vitani upande wa Waingereza. Mwaka 1953 alianzisha kampuni ndogo iitwayo Primrose, na fundi wake akawa Bi Lotte. Kwa muda wa miaka miwili mitatu hivi walitoa filamu fupi zaidi ya 10 kwa televisheni, miongoni mwake Aladini na Khalifa aliyegeuka korongo. Filamu ya mshona nguo shujaa ilipata tuzo katika maonyesho ya Venice mwaka 1955.

Carl Koch alifariki mwaka 1963. Bibi akauweka mkasi wa sinema chini kwa miaka kadha. Alionekana kama mtu aliyepoteza mkono wake wa pili, na kwa kweli ndivyo ilivyokuwa, kwani kamera ya filamu zake siku zote ilikuwa ya mumewe. Aliandika kitabu cha kuwafundisha wengine kazi ya vivuli, kilichotoka mwaka 1970. Ndipo Ujerumani ilipoanza kumkumbuka. Mwaka 1972 alipewa tuzo kuu ya filamu ya nchi yake, na mwaka 1979, alipotimiza miaka 80, akapewa nishani ya taifa. Kanada nayo ilimwalika, akatengeneza huko filamu mbili za mwisho mwisho, katika mwaka 1975 na 1979.

Alifariki tarehe 19 Juni, 1981, katika kijiji cha Dettenhausen, kusini mwa Ujerumani, akiwa na umri wa miaka 82. Ameacha filamu zaidi ya 40. Mjini Tübingen, karibu na hapo, jumba la makumbusho limeweka vikaragosi vyake, na watu huenda kuvitazama. Mwishoni mwa miaka ya 1990 mafundi wa Frankfurt waliichukua nakala ya filamu ya Ahmed iliyohifadhiwa London, wakaisafisha na kuirudishia rangi zake, na leo yeyote anaweza kuiona jinsi watu wa 1926 walivyoiona.

Wahenga walisema mcheza kwao hutuzwa. Bibi huyu alicheza kwao akafukuzwa na zama, akacheza kwa watu akaombwa hati za kukaa, na tuzo ya kwao ikamfikia mvi zimekwisha kumjaa kichwani. Lakini hakupata kuajiriwa kuwa karani wa kipaji chake mwenyewe. Aliishi kwa karatasi, mkasi na taa, na kivuli cha farasi wake kingali kinaruka kuelekea Wakwak.